Okech Katika Nyumba ya Owiti

Mama yangu mpendwa,

Salamu hizi zikukute umeketi, si umeinama juu ya beseni la nguo za watu. Goti linasemaje? Boke aliniambia lilivimba tena mvua ilipoanza, nawe ukalifunga kwa majani badala ya kwenda hospitali kama ulivyoniahidi. Majirani zako hapo Migori wazima? Na yule kuku mwekundu anayetagia kwenye kikapu chako cha kanisani, bado hafanyi kazi siku ya Sabato? Mimi ni mzima. Nimekonda kidogo, lakini usianze kulia. Ni kutembea, si njaa.

Nimeandika badala ya kupiga simu kwa sababu simu yako ni redio ya mtaa. Ukiishika tu unaweka sauti ya juu, na jirani anachangia mazungumzo akiwa mlangoni pake. Haya ninayokwambia leo ni yako peke yako mpaka Jumapili ipite. Ndiyo maana nimempa barua mkononi dada muuguzi wa Homa Bay anayekuja nyumbani likizo. Mkaribishe chai, lakini ya rangi. Maziwa yanamsumbua tumbo.

Huku Uswidi jua limekuwa kama mkwe: linachungulia mlangoni na kuondoka kabla halijaketi. Nimezoea. Ile omena, dagaa wetu wa ziwani, uliyonitumia ilifika salama. Nilipoikaanga mara ya kwanza, jirani wa juu alishuka akagonga, akauliza kwa adabu kama bomba la choo limepasuka. Nikamwambia ni chakula cha kwetu. Akasema, "Aha," akapanda ngazi, na tangu siku hiyo ananisalimu huku ameshika pumzi. Nimebakiza kidogo. Naikaanga nikikasirika, na siku hizi jirani ana taabu.

Maana nimekasirika, Mama. Keti vizuri, maana Boke hajakwambia yote aliyoyaona Ndhiwa.

Unakumbuka alipokwenda kwenye matanga ya jirani yetu wa zamani. Mvua ilimkamata njiani akajaa tope mpaka magotini, akaona aibu kuingia matangani vile, akaomba maji ya kuoga katika boma la baba mdogo Okech. Wakampa ndoo, wakamwonyesha lile bafu la mabati nyuma ya nyumba. Mlangoni pa bafu, na ndani, watu wameweka mawe ya kukanyagia tope lisiwapate. Boke akasimama juu ya kibao kimoja cha saruji, akajimwagia maji, akaanza kujisugua. Nyayo zake zikahisi maandishi. Akainama akatoa povu kwa mkono, akaona T iliyolala upande.

Kilikuwa kibao cha kaburi la Baba. Kile ulichokifinyanga wewe, saruji ndani ya fremu ya mbao, ukaandika OWITI kwa msumari kabla haijakauka, na T ikalala. Mwanao ameoga juu ya jina la baba yake. Na kila asubuhi Okech anaoga juu yake, na wageni wa Okech, na vibarua wanaomkatia miwa. Kaburi lenyewe sasa limo ndani ya miwa. Boke alilitafuta hakuliona.

Aliponipigia nilikuwa kazini na nyundo mkononi. Nililipiga jiwe lililokuwa mbele yangu likawa unga. Huenda ndani yake kulikuwa na kitu ambacho hakuna mtu duniani atakiona tena. Sikujuta. Nilikuwa nimemwona Okech pale.

Wewe ulimsamehe, najua. Uliniambia nimwachie Mungu. Lakini mimi nilikuwa nimeketi chini kando ya kiti chako siku ile ya kikao cha wazee, baada ya mazishi. Alitaka kukurithi, nawe ukakataa ukiwa umeshika Biblia mapajani, sauti yako ndogo kabisa. Akasimama. Angeweza kusema kwa Dholuo, wazee wote wangeelewa. Akachagua Kiswahili ili wewe Mkuria usikose hata neno moja.

"Huyu mtu amekufa kabisa," akasema. "Bibi yake ni jamwa, mtu wa kabila ingine. Watoto ni wasichana tu, na msichana ni ogwang', paka ya porini, ataenda tu. Nyumba yake imeisha. Jina nayo imeisha. Mtu asiitaje tena hapa."

Na tangu siku ile hajalitaja. Mimi nimemchunguza. Baba kwake ni "yule." Sisi ni "hao wa Migori." Ukimsalimu kwa Dholuo safi anakujibu kwa Kiswahili, kama anayemjibu karani. Siku tulipohama Ndhiwa ulitupakia mimi na Boke juu ya trela la miwa pamoja na godoro na sufuria, na ulipoangalia nyuma uliangalia kile kibao. Wewe ukamwachia Mungu. Mimi sikumwachia mtu.

Sasa nikueleze kazi yangu, maana bila hiyo hutaelewa nilichofanya. Najua kanisani unawaambia, "Robi anavunja mawe ya wazungu." Ni kweli. Ni mawe meusi, na ukiyapiga yananuka yai viza na mafuta ya taa. Ndani yake mna wadudu wa baharini waliokufa zamani sana, wanaitwa trilobiti. Wana gamba kama la kaa lililogawanyika mafungu matatu kwa urefu, kichwa kama jembe, miguu mingi chini, na wakiogopa walikuwa wakijikunja kama yule mdudu wa chini ya mtungi wako wa maji. Hakuna hata mmoja aliyebaki hai. Wataalamu wanasema wa kwangu wana karibu miaka milioni mia tano. Najua utasema dunia haijafikisha umri huo. Hilo tutajadiliana nikija, Jumamosi jioni, baada ya ibada.

Kazi yetu si kuwatoa tu. Ni kujua nani ni wa nani. Kila aina moja inaitwa spishi. Hiyo ni kama mtoto. Spishi zinazohusiana kwa karibu zinawekwa katika jenasi moja. Hiyo ndiyo nyumba. Nyumba zikihusiana zinakuwa familia, yaani ukoo. Basi kulikuwa na ukoo mmoja uliojaa trilobiti vipofu. Wazee wa zamani wa taaluma hii walipomwona asiye na macho walimtupa humo, wakaona wamemaliza kazi. Ni sawa na mtu aingie soko la Ndhiwa akute vipofu watatu, mmoja Mjaluo, mmoja Mkuria, mmoja Mkisii, aseme hawa ni wa mama mmoja kwa sababu wote wameshika fimbo. Kwenye giza la chini ya bahari macho yalikuwa yakipotea ovyo, leo katika nyumba hii, kesho katika nyumba ile. Upofu si undugu.

Mimi niliwaangalia watoto wao. Trilobiti mchanga ni mdogo kama punje ya mtama, na huko utotoni ndiko undugu unakoonekana. Niliangalia pia kigae kidogo kilicho chini ya mdomo, jinsi kilivyoshikana na kichwa. Nikapata spishi tatu zilizotawanywa katika nyumba za watu, mbili zenye macho na moja kipofu, na zote tatu ni ndugu wa tumbo moja. Yule kipofu alikuwa hajapewa jina kabisa. Nyumba yao ilikuwa haijawahi kutajwa popote. Niliandika hayo, wataalamu wakubwa wakayasoma na kunisumbua kwa maswali mpaka nikatokwa na chunusi, mwishoni wakakubali. Na desturi yetu ni hii: anayeithibitisha nyumba mpya ndiye anayeipa jina. Jina likishachapishwa halifutwi. Profesa wangu hawezi kulifuta, serikali haiwezi, hata mimi mwenyewe nikijuta siwezi.

Watu huwapa majina ya walimu wao, au wake zao, au mlima walikookota jiwe. Mimi nilipopata uhuru huo, maneno ya Boke yalikuwa bado yanachemka masikioni. Nikasema nyumba hii itaitwa Okechia. Viumbe wa matopeni, wengine vipofu, wote wamekufa bila kizazi. Mama, nilikuwa na raha! Nilikuwa naamka nikicheka. Nilikuwa napiga mswaki nikisema, Okech, umekwisha kabisa, nyumba yako imeisha, kwa maneno yake mwenyewe. Nikaandika kibandiko kwa penseli, OKECHIA, nikakibandika kwenye droo ya kabati tunamohifadhia mawe.

Nikasogea nyuma nikitazame. Hasira ikanigeukia. Pale juu ya droo palikuwa na jina la Okech kwa herufi kubwa, nyeusi, nzuri, nami ndiye niliyeliandika. Alichukua shamba, akachukua boma, akachukua kaburi, sasa nilikuwa nampa na hili. Miaka mia ijayo mtoto wa shule atafungua droo asome Okech. Na Baba hayumo popote, yumo bafuni. Niliking'oa kibandiko kwa kucha.

Nyumba inaitwa Owitia, Mama. Imechapishwa. Nimeiona kwa macho yangu na nimekuwekea nakala ndani ya bahasha hii. Ukurasa wa kwanza una jina la mumeo, na chini yake nimeandika kwamba alikuwa mkulima wa Ndhiwa na baba yangu. Zile spishi mbili zenye macho, zilizokuwa zikihesabiwa katika nyumba za watu wengine, zimehamishwa zikaingia kwake. Na Profesa anasema nyumba yenyewe ni ya pekee mno, haiingii katika ukoo wowote uliopo. Ameandika makala ya kupendekeza ukoo mpya, na sheria inasema ukoo huchukua jina la nyumba. Wakikubali utaitwa Owitiidae. Ukoo mzima wa Owiti, ambaye hakuacha nyumba!

Nilipofika hapo, mtu mwema angenyamaza. Wewe ungenyamaza, ungeimba wimbo, ungelala. Lakini alibaki yule mtoto wa tatu, kipofu, bila jina.

Nimemwita okechi.

Usinung'unike kwanza, sikiliza. Kwa desturi yetu kiumbe hatajwi kwa jina lake peke yake. Lazima uanze na nyumba, ndipo umtaje mtoto. Huyu ni Owitia okechi. Hakuna mtu hata mmoja, hapa au Uchina, atakayemtaja Okech bila kumtaja Owiti kwanza. Na siku wakitokea wataalamu wakamhamisha, atakuwa mtu wa kuhamishwa kutoka nyumba ya Owiti, na hilo nalo litaandikwa. Sheria inakataza kumpa kiumbe jina la kumtukana mtu. Sikumtukana. Nimeandika: kwa kumkumbuka Okech, ndugu wa Owiti. Onyesha palipo na uongo.

Halafu nikampigia simu.

"Halo, nani huyu?"

"Ni Robi, Baba. Robi wa Owiti."

"Robi wa Migori?"

"Huyo huyo. Baba, nimekupatia jina kwa kitabu."

"Kitabu gani?"

"Ya sayansi. Kuna mnyama ya zamani sana tumepata, nimemwita na jina yako."

Mama, sauti ilibadilika kama mtu aliyesukumiwa kiti. Kwa mara ya kwanza tangu nizaliwe akaniita nyar omera, binti wa ndugu yangu. Akauliza, "Ni mnyama kubwa?" Nikamwambia ni wa maana sana. "Ako na pembe?" Nikasema ana kichwa kigumu. "Na hiyo jina itakaa?" Nikamwambia itakaa hata sisi wote tukifa, haiwezi kutolewa. Nikamsikia akimwita mkewe, akiwaita vibarua, "Kujeni! Kujeni msikie! Niko kwa kitabu ya wazungu!"

"Sasa Baba, lazima ujue kuitamka," nikamwambia. "Watu watakuuliza."

"Sema nisikie."

"Owitia okechi."

Nilisikia kuku wa nyumbani kwetu wakilia, kuku wa Ndhiwa, nikiwa nimesimama kwenye theluji.

"Hiyo ya mbele ni nini?" akauliza.

"Ndiyo desturi ya huku, Baba. Haisemwi bila hiyo. Ukiiacha, basi hakuna mnyama na hakuna jina."

Akapumua. Vibarua walikuwa wakingoja, mkewe alikuwa akingoja. "Owitia," akasema, polepole. Sijui kama kuna dawa tamu kama ile. "Owitia okechi."

"Sikusikia vizuri, Baba. Sema tena."

Akasema tena. Nikamwambia mtandao ni mbaya. Akasema kwa nguvu, mbele ya watu wake wote, ndani ya boma lile alimokataza jina hilo lisitajwe. Nilikata simu nikalia mpaka machozi yakaanza kuuma shavuni kwa baridi. Usidhani ni huzuni.

Nilimpigia tena baadaye, kwa sababu lilibaki la kibao. Profesa wangu ana mazoea ya kuweka picha katika droo ya kila jenasi, na nilipomsimulia habari za jina aliomba picha ya kibao chenyewe, kikiwa na mjane na ndugu wa marehemu. Sikumwekea maneno mdomoni, aliomba mwenyewe. Basi nikamwambia Okech kwamba picha yake itakaa makumbusho huku Ulaya, ila inahitajika pia ile saruji iliyoandikwa kwa msumari. Nikauliza, kwa upole wa mtoto wa Sabato, "Sijui siku hizi iko wapi, Baba?"

Alikohoa muda mrefu. "Iko," akasema. "Nimeiweka mahali pazuri. Nitaisafisha."

Nilitamani uone. Mzee mzima amepiga magoti ndani ya bafu lake, anakwangua sabuni na tope la vibarua katika jina la ndugu yake, anaingiza kijiti ndani ya ile T yako. Boke aliwauliza wanaoishi pale, wakamwambia alitumia hata brashi yake ya viatu.

Basi Jumapili atakuja Migori, hapo kwako, amevaa ile suti ya kahawia, na kibao ndani ya gunia. Boke atakuwepo kupiga picha. Mumewe ameshaandaa saruji na mchanga nyuma ya nyumba. Wakishapiga picha, Okech atakaribishwa chakula, na akiwa ndani anakula, kibao kitajengewa ukutani kando ya mlango wako. Saruji hiyo inakauka haraka. Akitoka aseme neno. Najua shamba halijarudi, na kaburi bado lina miwa juu. Hayo yana korti yake na mimi bado ni kijana. Lakini Baba hatakanyagwa tena.

Najua utasema, "Robi, moyo wako umekuwa jiwe." Pengine. Kazi yangu ni mawe. Utaniambia kisasi ni cha Bwana, nami nitakubali, ila huyu mmoja Bwana aliniachia nimbebe kidogo. Nisamehe kwa hilo ukiweza. Usiombe nitubu bado, maana nitakudanganya, na sijawahi kukudanganya.

Nisalimie Boke na mumewe fundi, na mtoto wao aliyeota meno. Msalimie dada yako wa kule Kuria, mwambie ule unga wake wa wimbi wa uji ulimalizika na nalamba mfuko. Msalimie mzee wa kanisa anayekusomea barua ndogo ndogo, hii usimpe, nimeiandika kwa herufi kubwa uisome mwenyewe. Msalimie mwalimu wangu wa sayansi wa shule ya msingi, mwambie yule msichana aliyekuwa akileta mawe darasani bado anayaleta. Na kuku mwekundu, mwambie namfikiria, hasa wakati wa chakula.

Sasa, Jumapili. Utasikia hodi. Usikimbilie kufungua, pumzisha goti. Uliza kwanza, kwa ile sauti yako ndogo, "Ni nani?" Sasa hivi kote Ndhiwa hajibu swali hilo kwa jina la zamani, anatoa lile jipya lote zima, kwa majivuno. Mwache alimalize. Sikiliza linavyoanza. Kisha ukitaka kumsamehe, fungua mlango umsamehe, lakini hakikisha kibao kimeingia kwanza.

Ni mimi mwanao,

Robi, wa nyumba ya Owiti